Kabla ya Kugawanya: Maoni Kuhusu Ufundishaji wa Bei ya Kimoja

Kila mwaka, wakati wa mazoezi ya kufundisha, wakufunzi huzunguka katika shule za msingi zilizo jirani na vyuo vyao ili kuwasikiliza wanachuo wakifundisha. Katika mizunguko hiyo nimepata kusikiliza masomo mengi ya Hisabati yahusuyo bei ya vitu, na masomo hayo yanafanana mno. Mwanachuo huandika fumbo ubaoni, hulisoma kwa sauti, kisha huandika chini yake hatua mbili: kwanza, tafuta bei ya kimoja kwa kugawanya, pili, zidisha kwa idadi inayotakiwa. Hufanya mifano miwili, huuliza kama darasa limeelewa, darasa zima huitikia kwa pamoja kwamba limeelewa, na zoezi hutolewa. Andalio la somo huwa safi, ubao huwa umepangwa vizuri, na mkufunzi aliyeketi nyuma ya darasa huona hana budi kutoa alama nzuri.

Mimi mwenyewe nimetoa alama hizo mara nyingi. Katika makala haya nataka kueleza kwa nini siku hizi nasita kuzitoa. Maoni yangu ni kwamba njia ya bei ya kimoja ni njia njema, na yafaa kila mtoto aijue kabla hajamaliza shule ya msingi. Lakini wengi wetu tunaifundisha kama amri, kabla mtoto hajaona haja yake wala kufahamu maana yake. Kwa kufanya hivyo twamdhuru mtoto anayefikiri, kwa sababu twamwambia amekosa naye amepata. Kadhalika twamdhuru mtoto anayetii, kwa sababu twampa chombo asichojua pa kukitumia.

Daftari la mtoto mmoja

Miaka michache iliyopita nilimtembelea mwanachuo mmoja aliyekuwa akifundisha Darasa la Tano. Somo lake lilikuwa hilo hilo, nalo lilikwenda kama nilivyoeleza hapo juu. Swali la kwanza la zoezi lilisema hivi: Madaftari 6 yanauzwa kwa Sh. 4,200. Kwa bei hiyo hiyo, madaftari 9 yatauzwa kwa shilingi ngapi?

Mvulana mmoja aliyeketi karibu nami aliandika mistari mitatu tu. Aliandika 4,200, chini yake akaandika 2,100, kisha akaandika jibu, Sh. 6,300. Mwanachuo alipofika katika dawati lake aliitazama kazi hiyo, akaweka alama ya kosa, akaandika pembeni kwa kalamu nyekundu: "Bei ya kimoja iko wapi?" Mimi niliyaona hayo yote. Katika ripoti yangu niliandika kwamba mwanachuo anasahihisha kwa makini na anadai wanafunzi waonyeshe hatua za kazi.

Ilikuwa jioni, nilipokuwa nikiisoma tena ripoti ile, ndipo nilipotambua kosa langu. Mtoto yule hakuwa ameotea. Aliona kwamba madaftari 9 ni madaftari 6 pamoja na nusu yake. Nusu ya Sh. 4,200 ni Sh. 2,100, ukijumlisha wapata Sh. 6,300. Hesabu yake ilikuwa sahihi, ilikuwa fupi kuliko ile iliyokuwa ubaoni, na ilionyesha kwamba ameelewa jambo ambalo ndilo kiini cha mada nzima, yaani kwamba vitu na bei yake huongezeka pamoja kwa kiasi kile kile. Tulikuwa watu wazima wawili darasani, wote tumesomea ualimu, na wote wawili tulimwambia kwamba amekosa.

Juma lililofuata nilirudi. Mwanachuo, ambaye alikuwa muungwana, alikubali mara moja kurekebisha alama. Aliniambia pia kwamba mtoto yule humsaidia mama yake gengeni kila jioni. Nilifurahi, nikadhani jambo limekwisha. Kisha nikafunua ukurasa uliofuata wa daftari lake. Palikuwa na swali hili: Robo kilo ya sukari inauzwa kwa Sh. 800. Tafuta bei ya kilo moja na nusu. Safari hii mtoto alikuwa mtiifu. Aliandika vizuri kabisa "Bei ya kimoja", akagawanya 800 kwa 4, akapata 200, kisha akazidisha kwa moja na nusu, akapata Sh. 300.

Tafakari jibu hilo, ndugu mwanachuo. Mtoto anayeuza gengeni anasema kwamba kilo moja na nusu ya sukari ni Sh. 300, ilhali robo kilo peke yake ni Sh. 800. Kama mteja angemtolea Sh. 300 gengeni na kutaka kilo moja na nusu, mtoto huyo angemcheka. Lakini darasani alikwisha kujifunza kwamba akili ya gengeni haitakiwi.

Watoto huja na nini shuleni?

Hili si jambo la mtoto mmoja tu wala la nchi moja tu. Mwaka 1985 watafiti watatu, Terezinha Carraher, David Carraher na Analúcia Schliemann, walichapisha uchunguzi walioufanya katika mji wa Recife nchini Brazil. Waliwaendea watoto watano, wenye umri wa kati ya miaka 9 na 15, waliokuwa wakiuza bidhaa mitaani na sokoni. Kwanza waliwauliza kama wateja: vitu hivi kadhaa ni bei gani, na chenji yangu ni kiasi gani? Baadaye waliwapa watoto wale wale hesabu za namba zile zile kwa karatasi na kalamu, nyingine zikiwa mafumbo ya maneno, nyingine zikiwa namba tupu. Sokoni watoto walipata majibu sahihi kwa kiasi cha asilimia 98. Katika mafumbo ya maneno walipata asilimia 74 hivi. Katika hesabu za namba tupu walipata asilimia 37 tu.

Mtoto mmoja wa miaka 12 aliulizwa bei ya nazi 10, ikiwa nazi moja ni cruzeiro 35. Mtu aliyesoma angeongeza sifuri, akamaliza. Mtoto huyo alianza na nazi tatu, ambazo ni 105; akaongeza tatu nyingine, zikawa 210; akaendelea hadi 315, kisha akafika 350. Njia ni ndefu, lakini katika kila hatua alijua ana nazi ngapi na fedha kiasi gani. Hakuzipoteza nazi akabakia na tarakimu.

Sisemi kwamba tuwaachie watoto wabaki na hesabu za gengeni. Uchunguzi ule ulikuwa wa watoto watano tu. Tena, njia ya kujumlisha kidogo kidogo huchosha namba zinapokuwa kubwa, na hushindwa kabisa idadi zinapokuwa haziendani. Shule ina jambo la kumwongezea mtoto. Lakini neno "kumwongezea" lina maana yake: huwezi kuongeza juu ya kitu ulichokwisha kukifuta.

Maana ya kimoja

Tatizo la msingi, kwa maoni yangu, ni kwamba tunafundisha kitendo badala ya swali. Twamwambia mtoto "gawanya", wakati jambo la kumwambia ni "jiulize kimoja kina thamani gani". Mara nyingi swali hilo hujibiwa kwa kugawanya. Katika fumbo la robo kilo hujibiwa kwa kuzidisha, kwa kuwa kilo moja ina robo nne: Sh. 800 mara 4 ni Sh. 3,200. Na anayefikiri vizuri zaidi ataona kwamba hana haja hata ya kilo moja. Kilo moja na nusu ni robo sita, na 800 mara 6 ni Sh. 4,800. Yaani "kimoja" chake ni robo. Mtoto aliyefundishwa swali ataweza kuchagua. Mtoto aliyefundishwa kitendo atagawanya tu.

Yafaa pia mtoto ajue kwamba jibu la mgawanyo lina jina. Tunapogawanya 4,200 kwa 6 hatupati 700 tupu. Twapata shilingi 700 kwa kila daftari moja. Tukiiacha namba bila jina lake, mtoto hana kitu cha kumwongoza katika hatua ya pili, naye atazidisha au kugawanya kwa kubahatisha. Aghalabu makosa ninayoyaona katika hatua ya pili huanzia hapo.

Kuna desturi nyingine ambayo ningependa wanachuo waiache, nayo ni ile ya kufundisha maneno ya kuvizia: ukiona "jumla" jumlisha, ukiona "baki" toa, ukiona "kila" gawanya. Tazama fumbo hili: Asha alinunua kalamu 5, kila moja kwa Sh. 300. Alilipa kiasi gani? Neno "kila" limo, lakini kitendo ni kuzidisha. Mtoto anayevizia maneno hasomi fumbo. Anatafuta ishara tu, kama abiria anayetazama rangi ya basi bila kusoma liendako.

Si kila fumbo hufuata njia hii

Kanuni isiyo na maana ina hatari nyingine: haina mpaka. Mtoto aliyezoea hatua mbili zile ataziingiza kila mahali. Mpe fumbo hili: Mafundi 4 hujenga ukuta kwa siku 6, mafundi 8 watajenga ukuta huo kwa siku ngapi? Atagawanya 6 kwa 4, apate moja na nusu, azidishe kwa 8, apate siku 12. Mafundi wameongezeka mara mbili, na kazi imechelewa mara mbili! Jibu ni siku 3. Mpe jingine: Shati moja lililoanikwa juani hukauka kwa saa 2, mashati 5 yaliyoanikwa pamoja yatakauka kwa saa ngapi? Wengi watasema saa 10.

Hata katika bei yenyewe kanuni haishiki daima. Fungu moja la nyanya laweza kuwa Sh. 1,000, na muuzaji akakupa mafungu mawili kwa Sh. 1,800. Kila mtoto aliyewahi kutumwa sokoni anajua hivyo. Ndiyo maana maneno "kwa bei hiyo hiyo", ambayo twayaandika katika mafumbo kama pambo, ni maneno mazito. Yanatuambia kwamba bei ya kimoja haibadiliki hata idadi ikibadilika. Mwalimu asiyeyaeleza maneno hayo amewaficha wanafunzi sharti ambalo hesabu nzima imesimama juu yake.

Faida yake katika maisha

Huenda mtu akauliza kama jambo hili lastahili kelele zote hizi. Nitajibu kwa mifano miwili.

Wa kwanza ni wa mafuta ya kula. Tuseme dumu la lita 5 linauzwa kwa Sh. 30,000, na robo lita ya kupima inauzwa kwa Sh. 1,800. Anayenunua dumu analipa Sh. 6,000 kwa lita moja. Anayenunua robo robo analipa Sh. 7,200 kwa lita ile ile. Mwenye fedha kidogo ndiye anayelipa zaidi kwa kila lita. Mara nyingi hana la kufanya, kwa kuwa fedha ya dumu zima hana. Lakini kama majirani watano watajua hesabu hii, wataweza kuchangishana wanunue dumu na kugawana lita moja moja. Asiyejua hata hataona kwamba kuna la kufanya.

Wa pili ni wa lumbesa, jambo ambalo wakulima wa nchi hii wanalifahamu vizuri. Gunia hujazwa hadi mdomoni, kisha hushonewa nyongeza juu yake, nalo likauzwa kwa bei ya gunia moja. Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, ipo, na Wakala wa Vipimo umekuwa ukipiga vita ufungashaji huo. Hata hivyo mkulima anayebishana na mnunuzi shambani hana mwanasheria pembeni yake. Ana akili yake tu. Tuseme wamepatana gunia la viazi la kilo 100 kwa Sh. 60,000, nalo likajazwa hadi kilo 120. Bei ya kilo moja imeshuka kutoka Sh. 600 hadi Sh. 500. Kilo 120 kwa bei waliyopatana zingekuwa Sh. 72,000, kwa hiyo katika kila gunia mkulima amepoteza Sh. 12,000. Katika magunia 10 amepoteza Sh. 120,000. Anayefikiri kwa "gunia" haoni hasara. Anayefikiri kwa "kilo moja" huiona mara moja, na aweza kudai mizani.

Andiko la Elimu ya Kujitegemea la mwaka 1967 lilitaka elimu ya shule ya msingi iwe elimu iliyokamilika yenyewe, inayomfaa mtoto katika maisha atakayoishi. Sijui mfano bora wa hesabu ya namna hiyo kuliko bei ya kimoja. Lakini haitamfaa mtoto huyo ikiwa ameijua kama mistari miwili ya kuandika chini ya swali la mtihani.

Mapendekezo

Basi tufanye nini? Napenda kupendekeza mambo yafuatayo, ambayo nimeyajaribu pamoja na wanachuo na ambayo hayahitaji zana za gharama.

1. Anza na duka la darasa. Kusanya paketi tupu, chupa, vifuniko na vipande vya karatasi vya kutumia kama fedha. Waache watoto wauze na kununua kabla hujaandika chochote ubaoni. Uliza maswali kwa mdomo, na kwa kila jibu uliza: "Umefanyaje?" Swali hilo fupi ndilo zana kubwa kuliko zote.

2. Panga namba zako kwa mfuatano wenye shabaha. Hili ndilo pendekezo ninalolithamini kuliko mengine. Chukua fumbo lile lile la madaftari 6 kwa Sh. 4,200. Uliza kwanza bei ya madaftari 12. Watoto watazidisha mara mbili, wapate Sh. 8,400. Uliza bei ya madaftari 3. Watachukua nusu, Sh. 2,100. Uliza bei ya 9, watajumlisha, Sh. 6,300. Wasifu kwa njia hizo zote. Kisha uliza bei ya madaftari 7. Hapo mara mbili haisaidii, wala nusu haitoshi. Darasa litanyamaza kidogo, kisha mtoto mmoja atasema: "Tungejua la moja!" Naam, hapo ndipo pa kufundisha bei ya kimoja. Utakuwa hukuileta wewe. Watakuwa wameiita wenyewe. Nao wataona kwa nini ni njia yenye nguvu: bei ya moja ikijulikana kuwa Sh. 700, basi 7 ni Sh. 4,900, 11 ni Sh. 7,700, na hakuna idadi itakayowashinda.

3. Tumia jedwali la safu mbili. Safu ya juu iwe ya idadi ya vitu, ya chini iwe ya shilingi, na kila safu iwe na jina lake. Mtoto aandike 6 na chini yake 4,200. 3 na chini yake 2,100. 1 na chini yake 700. Jedwali hilo huzizuia namba kupoteza majina yake, na linakubali njia ya mtoto wa gengeni na njia ya kitabu kwa usawa.

4. Dai makadirio kabla ya hesabu. Waulize: Jibu litakuwa kubwa kuliko Sh. 4,200 au dogo? Kwa nini? Mtoto aliyesema kwanza kwamba kilo moja na nusu lazima iwe ghali kuliko robo kilo hataandika Sh. 300 bila kushtuka.

5. Geuza fumbo. Baada ya kuuliza bei, uliza idadi: Kwa Sh. 9,100 utapata madaftari mangapi ya namna hiyo? Jibu ni 13. Kisha uliza la kulinganisha: Duka moja linauza kilo 3 za mchele kwa Sh. 7,500, jingine linauza kilo 5 za mchele wa aina hiyo hiyo kwa Sh. 12,000. Wapi ni rahisi? Fumbo la kulinganisha ndilo linaloonyesha faida ya kimoja waziwazi, kwa sababu Sh. 7,500 na Sh. 12,000 hazilinganishiki mpaka zote mbili ziwe bei ya kilo moja, yaani Sh. 2,500 na Sh. 2,400.

6. Weka katika kila zoezi fumbo moja lisilofuata njia hiyo. Mafundi na ukuta, mashati na jua, mafungu yenye punguzo. Watoto wajizoeze kujiuliza kama bei ya kimoja inafaa hapa, kabla ya kuitafuta.

7. Rudini nyuma mlitazame jibu. Mwanahisabati George Pólya, katika kitabu alichokitoa mwaka 1945 kuhusu utatuzi wa mafumbo, aliweka hatua nne: kulielewa fumbo, kupanga njia, kuifuata njia hiyo, na kulitazama tena jibu. Sisi darasani hufundisha hatua ya tatu tu. Ya kwanza twaifanya wenyewe kwa niaba ya watoto, na ya nne twamwachia kalamu nyekundu.

8. Usiweke alama ya kosa kabla hujaelewa mtoto amefanyaje. Kama hatua hazionekani, muulize akueleze kwa mdomo, kisha mwonyeshe jinsi ya kuyaandika maelezo yake mwenyewe. Kudai hatua ni haki ya mwalimu. Kudai hatua zake mwenyewe peke yake si haki.

Pingamizi mbili

Najua yatakayosemwa. La kwanza ni kwamba madarasa yetu ni makubwa, na mwalimu mwenye watoto themanini hawezi kumuuliza kila mmoja amefanyaje. Ni kweli hawezi. Lakini aweza kuwaagiza watoto waelezane wawili wawili, kisha akawasikiliza watatu au wanne mbele ya darasa, akichagua walioifikia kazi kwa njia mbalimbali. Dakika kumi zinatosha. Pengine dakika hizo zaleta faida kuliko swali la kumi na mbili la zoezi.

La pili ni kwamba mtihani haungoji. Mtoto anahitaji njia moja ya hakika, na kumwonyesha njia nyingi ni kumchanganya. Hoja hii ina uzito, na ndiyo sababu sipendekezi kuiacha njia ya kimoja. Napendekeza ifike mahali pake. Mtoto aliyeiona haja yake huikumbuka; aliyeipokea kama amri huichanganya na amri nyingine kumi alizopewa muhula huo huo. Na huyo anayegawanya 800 kwa 4 katika fumbo la robo kilo, mtihani nao utamkamata.

Hitimisho

Ndugu mwanachuo, utakapoingia darasani kufundisha mada hii utakuta mbele yako watoto ambao wengi wao wamekwisha kununua chumvi, sabuni na mafuta, na baadhi yao wamekwisha kuuza karanga na maandazi. Wanajua jambo kuhusu bei. Hawajui kwamba wanalijua, wala hawajui jinsi ya kuliandika, na njia yao ina mahali inapoishia. Kazi yako ni kuwafikisha mahali hapo wapaone, ndipo uwape njia inayovuka. Ukiwapa njia kabla hawajafika, wataibeba tu kama mzigo wa mtu mwingine.

Nami nimebadili desturi yangu ya ukaguzi. Sikai tena nyuma ya darasa nikitazama mpangilio wa ubao peke yake. Wakati wa zoezi huomba madaftari mawili au matatu, nikatafuta jibu sahihi lililopatikana kwa njia ambayo haikuwa ubaoni. Kisha hungoja nione mwalimu atalifanyia nini.